Haboba na Yule Mwanamke wa Kamba

Muongo? Rudia hapo. Sema tena, hawa watu wote wasikie, kwamba Haboba alikuwa muongo.

Hivyo ndivyo nilivyomwambia yule dada Jumamosi, pale saluni Kamwokya, hapa Kampala, nikiwa nimemsuka nusu kichwa. Alianza vizuri tu, mambo ya mvua, mambo ya nyanya za Nakasero, halafu akaropoka: "Yule bibi Mnubi aliyekuwa anatukana watu harusini, si mwishowe alifyata ulimi mwenyewe? Kama hadithi yake ilikuwa ya kweli, mbona alinyamaza?"

Nikaweka kitana chini. Nikamwambia achague: afute neno, au atembee na nusu kichwa. Alitembea na nusu kichwa. Bosi wangu alinifokea mpaka jioni na mimi sijutii hata kidogo.

Sasa sikilizeni nyinyi wengine, maana najua hayo maneno yanazunguka na kila anayeyabeba anaongeza chumvi yake. Mimi nilikaa na huyo bibi. Mimi Mkenya, wa Busia, Mkristo, shule niliiacha njiani, na ninachojua nimekijua kwa masikio na kwa kuuliza mpaka watu wakanichoka. Nilipanga chumba kwake, kwenye ule mstari wa vyumba vilivyoshikana ambao hapa wanaita muzigo. Mlango wangu na wake ilitazamana. Haboba ni bibi kwa Kinubi. Jina lake lingine nalijua na sikuambii. Alitaka kila mtu amwite Haboba, hata mzee muuza maji aliyemzidi umri.

Kama hujui Wanubi, basi jua hivi. Zamani zile, kabla hapa hapajawa mji, Wazungu waliwatoa askari huko Sudani wakawaleta huku na bunduki, wake, watoto na ngoma zao, wakawaweka kwenye ngome juu ya kile kilima cha Old Kampala. Wajukuu wa wajukuu zao ndio hao. Wamezaliwa hapa, wamezikwa hapa, na bado kuna mtu atawauliza watarudi lini kwao.

Haboba aliulizwa hivyo mbele yangu. Ilikuwa stendi ya boda, kijana mmoja anatania wenzake, akamgeukia, akamwita jajja, yaani bibi kwa Kiganda: "Jajja, nyinyi si ndio mlileta Wazungu hapa? Na bunduki zenu! Murudi kwenu Sudani."

Mimi damu ilishapanda, nimeshavua kiatu. Haboba akanisukuma pembeni. Akakusanya ile gurbaba yake, kile kitenge wanachojifunga wanawake wa Kinubi, akapanda nyuma ya pikipiki ya yule kijana kama msichana.

"Twende," akasema.

"Wapi, Jajja?"

"Kwetu! Si wewe unapajua? Nipeleke. Ukifika nionyeshe na nyumba yangu ni ipi, maana mimi sijawahi kuiona."

Wenzake wakaangua kicheko. Haboba akampiga kijana begani, "Washa, mutoto, petroli haichemki yenyewe!" Wakaondoka. Aliporudi nilimuuliza walifika wapi. Akasema alimpandisha mpaka kilima cha Old Kampala, akashuka, akakanyaga chini mara mbili, akamwambia: "Hapa. Nimefika. Sasa nirudishe nikapike." Tangu siku hiyo yule kijana alikuwa akimwona anazima injini kwa heshima.

Huyo ndiye Haboba wa nje. Ukiwasema Wanubi mbele yake, umejitafutia. "Hawakuja, waliletwa," alikuwa anasema. "Mutu aliyeletwa na mutu aliyekuja si mutu moja." Alikueleza jinsi wale askari walivyotembezwa mpaka nyayo zikawa ngozi ya ngoma, mshahara wao ukawa vitambaa, tena vya kuchelewa, mpaka wengine wakachoka wakawageuzia wakubwa zao bunduki na damu ikamwagika. Alisimulia hayo kwa majivuno, mkono kiunoni. Hata kuku wake aliwapa vyeo vya jeshi. Jogoo alikuwa Shaushi, yaani sajenti. Asubuhi unasikia uani: "Shaushi! Nani amekuruhusu jikoni? Rudi kwenye mstari!" Kulikuwa na mtetea mmoja mvivu, huyo alikuwa Kuruta, na hakupanda cheo mpaka akaingia chunguni.

Lakini Haboba wa ndani, mbele ya Wanubi wenzake, alikuwa mtu mwingine kabisa. Hapo ndipo tatizo lilipokaa.

Alikuwa na tabia moja niliyoiona siku ya kwanza tu. Kabla ya kupika chochote, hata chai, alichukua punje ya chumvi akaiweka ulimini, akafumba macho kidogo. Nilidhani ni dawa. Baadaye aliniambia: bibi wa bibi yake alifanya hivyo. Yule hakutoka Sudani. Alikuwa msichana wa Bunyoro, wa kule ziwani ambako wanawake wanalima chumvi kwenye udongo kama wenzao wanavyolima maharage. Askari wa ngome walitumwa huko kupigana. Walirudi na chumvi, na mbuzi, na wanawake wamefungwa kamba. Msichana akagawiwa kwa shaushi mmoja ampikie. Akapewa jina jipya. Shaushi alipokufa msichana akakabidhiwa kwa askari mwingine, pamoja na mkanda wa marehemu.

"Pamoja na mkanda," Haboba alikuwa anarudia. "Mkanda waliusafisha kwanza."

Nilimuuliza jina la yule msichana, lile la mwanzo. Akanitazama kama nimemuuliza bei ya kilo ya mawingu. "Nani alimuuliza?" akasema, akaendelea kuchambua mchele.

Sasa ujue doluka ni nini, bila hivyo hutaelewa kosa lake. Doluka ni ngoma ya wanawake wa Kinubi kwenye harusi. Anayeongoza anapiga ngoma na kuimba, wenzake wanaitikia. Na kazi ya anayeongoza, zaidi ya kuchezesha watu, ni kuisifu nyumba ya bwana harusi, ukoo wake, kurudi nyuma mpaka kwenye ile ngome ya Old Kampala. Nyumba hii ya mpiga tarumbeta. Nyumba ile ya mshika bendera. Kila nyumba ina babu wake wa ngomeni na kila nyumba inasubiri asikike. Ukimruka babu wa mtu umeharibu harusi. Haboba alizijua nyumba zote. Alikuwa anaalikwa Bombo, Kibuli, mpaka ng'ambo Kenya, Kibera. Mkono wake wa kushoto ulikuwa kitu kingine, mimi sijui kucheza ngoma yao lakini mabega yangu yalikuwa hayanisikilizi.

Siku ya balaa nilikuwepo. Mimi ndiye niliyemsuka bibi harusi, nikaambiwa nikae nile. Uwanja umejaa, ubani unafuka, wanawake wamejipaka sandali mpaka hewa nzito. Haboba akaisifu nyumba ya bwana harusi. Ilikuwa nyumba kubwa, ya yule shaushi aliyegawiwa msichana wa chumvi. Akamwimba shaushi alivyovuka mito, watu wakaitikia, vigelegele. Halafu hakuendelea kwa mtoto wa shaushi kama ilivyo desturi. Alibaki palepale. Maneno yalikuwa ya Kinubi, jirani yangu alinitafsiria sikioni, na hivi ndivyo yalivyokuwa:

Shaushi alirudi, bunduki begani,
nyuma ya bunduki kamba,
na mwisho wa kamba nani?
Semeni wanangu, nani?

Hapo wanatakiwa kuitikia. Hakuna aliyeitikia.

Haboba akarudia. Ngoma inalia, yeye anauliza, wanawake wanatazama mikeka. Akarudia tena. Unajua sauti ya mtu mmoja kwenye wimbo wa watu wengi? Ni kama mtu anagonga nyumba iliyohamwa. Mimi ningeitikia, haki ya Mungu, lakini jibu lenyewe, "bibi yetu", kwa Kinubi nilikuwa silijui. Mwisho mama wa bwana harusi, mama mmoja mrefu, mtulivu, ambaye wanawake wote wa pale walimfuata kwa lolote, aliinuka akaja akaweka kiganja juu ya ngozi ya ngoma.

"Umemwita bibi yetu mtumwa," akasema. "Siku ya mwanangu."

"Nimemwita bibi yetu," Haboba akajibu. "Hilo la mtumwa limetoka kwako."

"Haboba, nakuheshimu. Huko nje wanatuita wageni. Wewe humu ndani unatuita watumwa. Sasa twende wapi?"

Na mimi nitasema ukweli hata kama nilimchukia yule mama kwa muda mrefu: lile lilikuwa swali la haki. Lakini Haboba alikuwa na jibu, na jibu lake mpaka leo sijasikia mtu akilivunja. Akasema, polepole, kama anamfundisha mtoto: "Mnajisifu kwa shaushi, na shaushi ndiye anayewafanya wageni. Yule msichana alizaliwa hapa. Chumvi yake ya hapa. Kama mimi ni mtoto wake, nani ataniambia nirudi kwetu? Mmemficha mtu aliyeshika ufunguo wa nyumba."

Mama mrefu akasema, "Siyo harusini." Akaichukua ngoma.

Haboba alisimama, akajikung'uta, akanyoosha kidole kwangu: "Mukenya, twende." Tuliondoka bila kula. Tulipofika uani akamwambia jogoo, "Shaushi, umesikia? Umenifukuzisha."

Baada ya hapo hakuitwa tena.

Watu wanafikiri kutengwa ni matusi. Hakuna aliyemtukana. Wakikutana naye sokoni walimsalimia vizuri, wakamuuliza afya, wakaondoka. Basi. Mtoto akizaliwa, haambiwi. Mtu akiumwa, haambiwi. Alikuwa na redio ndogo, akazoea kuiwasha wakati wa matangazo ya vifo. Mimi nilidhani anapenda tu, wazee wengi wanapenda. Mpaka siku moja likatajwa jina, akaacha kijiko kikazama kwenye uji, akasema, "Huyo tulikuwa naye mkeka mmoja. Nimesikia pamoja na Uganda nzima." Akavaa, akaenda maziko. Alirudi mapema. Nilimuuliza kama walimkaribisha. "Walinipa kiti," akasema. "Kiti kizuri. Peke yake."

Nilikuwa nawaka. Nilimwambia niende kwa yule mama mrefu nikamwambie mambo. Haboba akacheka. "Uende umwambie kwa Kiswahili gani? Hicho chako cha kupigana? Kaa chini, wewe unafanana na sufuria ya maziwa, dakika moja tu umeshamwagika."

Na usifikiri alikuwa malaika. Alikuwa mgumu. Alimfukuza mpangaji mmoja kwa sababu alifagia uchafu kuelekea mlango wake. Alikula kisra yake, ile mikate myembamba kama karatasi, na akikualika akakuona unaiviringisha vibaya alikunyang'anya. Alisema yeye hahitaji mtu, halafu nikichelewa saluni nilimkuta amekaa kizingitini kwangu, anajifanya anatafuta kuku. "Kuruta amepotea," anasema. Kuruta tumemla zamani! Wote wawili tunajua tumemla. Nafungua mlango, anaingia, tunakunywa chai. Alizungumza Kiswahili na mimi, Kiganda sokoni, na Kinubi alikuwa anaongea na kuku. Hapo ndipo niliposhtuka, siku nilipogundua hivyo: lugha yake ya moyoni imebakiwa na jogoo.

Mimi nilianza kutafuta. Kwenye simu, kwa wazee, kwa mwalimu mmoja mstaafu aliyekuja kunyolewa. Nilitaka niupate ukweli wa yule msichana niwatupie usoni. Nilipata mengi kuhusu askari, safari zao, ngome zao, wakubwa wao Wazungu walilala wapi na walikula nini. Kuhusu wanawake nilipata neno moja tu, linarudiarudia: "wafuasi". Askari kadhaa na wafuasi wao. Nilimwambia Haboba. Akasema, "Sasa umeona. Hata wewe uliyesoma simu nzima."

Halafu wakaja.

Ilikuwa Jumapili mchana, nimetoka kanisani. Nikamkuta yule mama mrefu amekaa kwenye mkeka wa Haboba na wanawake wenzake wawili. Wamekuja na sukari na kitambaa. Mjukuu wa dada yake Haboba anaolewa Bombo. Msichana mwenyewe amekataa muziki wa spika, amesema anataka doluka ya bibi yake au hakuna harusi. Na anayemuoa anatoka nyumba ileile, ya shaushi.

Mama mrefu hakuzunguka. "Tumekukosa, dada yangu. Hawa wasichana wa sasa wanachanganya nyumba, juzi wamempa mpiga tarumbeta wajukuu wa mtu mwingine, tulitaka kufa kwa aibu. Rudi. Lakini yule mwanamke wa kamba mwache nyumbani."

Haboba alimimina chai. Hakumwaga hata tone.

Mimi sikusubiri. "Haendi! Mmemweka kwenye kiti cha peke yake muda wote huo, leo mnamletea sukari?"

"Huyu ni nani?" mmoja akauliza.

"Huyu ni mtoto wangu," Haboba akasema, bila kugeuka. "Wewe, toka nje ukaangalie kuku."

Nilitoka. Nilikaa na wale kuku nikilia kwa hasira. Walipoondoka aliniita, akakaa chini mbele yangu akafungua kitambaa kichwani. "Nisuke," akasema. "Isiwe ya kunivuta sana. Ngoma inahitaji kichwa chepesi."

Nikajua kwamba ataenda. Sikujua ataimba nini. Nikajipa moyo: mwanamke aliyempeleka kijana wa boda Old Kampala hawezi kunyamazishwa kwa sukari. Nikaanza kugawa nywele zake, nyeupe, laini, chache sana.

Harusi ilikuwa kubwa. Akapiga. Mungu wangu, alivyopiga! Waliolia walilia kabla hajafungua mdomo. Akaimba nyumba moja, akaimba nyingine, akafika kwa shaushi. Akamvusha mito. Nikamwona yule mama mrefu ameshika ukingo wa mkeka. Na mimi nimeshika wangu. Safari hii nilikuwa nimejifunza jibu kwa Kinubi, nilikuwa tayari kuitikia peke yangu hata kama watanitupa nje.

Ngoma ikafika pale. Ikakaa kidogo tu, kama mtu anayepima mtaro. Halafu Haboba akavuka, akaingia kwa mtoto wa shaushi, na wanawake wakaitikia kwa sauti moja, vigelegele mpaka ndege wakaruka kwenye mabati. Mama mrefu alimkumbatia akiwa bado na ngoma mapajani. Jibu langu lilibaki mdomoni.

Nilirudi Kampala siku ileile bila kumuaga. Baadaye kidogo nikahamia Ggaba kwa ajili ya kazi nyingine. Ndiyo maana nilipokuja kumwona tena ilikuwa imepita muda, na ndiyo mara ya mwisho, maana si muda mrefu baadaye aliitwa na Mola wake, na mazishini kwake, walioenda wanasema, hakukuwa na pa kukanyaga.

Nilimkuta uani. Uwanja ulijaa watu. Wasichana wawili wanaoka kisra jikoni kwake na hakuna aliyewanyang'anya. Mtoto amelala miguuni pake. Mama mrefu anampaka hina mikononi, wanazungumza Kinubi haraka haraka, wanacheka mpaka wanapigana mapaja. Nilisimama mlangoni nikiwa na samaki wangu wa Ggaba kwenye mfuko, hakuna aliyeniona. Kile chumba changu cha zamani wamepanga watu wengine.

Mwishowe akainua macho. "Mukenya! Njoo. Uko mukavu, hawakulishi huko ziwani?"

Nilikaa karibu naye. Nilingoja wale wengine waingie jikoni. Nilitaka kuuliza kwa upole, nikashindwa. "Kwa nini ulimruka, Haboba? Nilijifunza jibu. Ningekuitikia."

Hakukasirika. Aliitazama ile mikono yake, hina bado mbichi, ameinyoosha mbele kama mtu anayepokea kitu.

"Ile Idi kabla hawajaja na sukari," akasema, "wewe ulikuwa umeenda kwenu Busia. Nilipika. Nilipika ya watu, maana Idi haipikwi ya mutu moja. Nikafungua mlango wote. Nikaketi. Watu wanapita barabarani na kanzu zao, 'Idi njema Haboba', 'Idi njema'. Jua likaenda. Nikakula kidogo, nyingine nikawapa kuku." Akaipulizia hina ikauke. "Yule bibi alikuwa peke yake kati ya watu wasiomjua jina. Mimi walinijua jina na nilikuwa peke yangu. Nimechoka, mutoto. Yeye atanisamehe, yeye anajua hiyo kitu ilivyo. Wewe je?"

Nilitaka kumjibu. Wale wanawake wakarudi na sinia, wakakaa katikati yetu, Kinubi kikaanza upya, na mtu akaniuliza kwa adabu sana, kwa Kiswahili, kama nataka kiti.

Kwa hiyo wewe dada wa nusu kichwa, na wewe unayesoma hapa na kutikisa shingo kwamba mkweli hanyamazi: ulishawahi kupika Idi ya watu, ukafungua mlango, ukaila peke yako?